Nani Atashika?

Mtoto akipiga miayo darasani kwangu, namtazama kooni. Nimefundisha darasa la kwanza miaka mingi sasa, na walimu wenzangu wanadhani nakagua meno. Sikagui meno. Natafuta kile kinyama kidogo kinachoning'inia nyuma ya ulimi, kimeo, kama kipo au hakipo. Kikiwepo moyo wangu unatulia. Kisipokuwepo najua mtoto huyo alikalishwa kwenye kigoda akashikwa, na siku hiyo sifundishi vizuri.

Changu hakipo. Kilikatwa nikiwa na miaka sita, na tangu hapo nikinywa kitu kwa haraka kinanitokea puani. Siku ya harusi yangu soda ilinitoka puani mbele ya meza kuu, watu wakaangua kicheko, mume wangu akanipa leso yake. Aliyenikata tulimwita Fundi. Mtaa wetu mzima kule Mbagala ulimwita hivyo, na sikumbuki kama niliwahi kulisikia jina alilopewa na mama yake.

Nieleze kidogo, maana wako waliokulia mahali ambapo koo la mtoto huachwa lilivyo. Kwetu mtoto akikohoa wiki mbili, akatapika uji, akaanza kukonda, wakubwa husema, "Huyu ana kimeo." Husema utadhani wengine hawana. Maana yake ni kwamba kimeo kimerefuka, kinamtekenya koo, na kisipokatwa kitamuua. Na hospitali hawajui mambo ya kimeo, watakupa dawa ya chupa urudi nayo nyumbani. Basi unampeleka kwa Fundi. Maneno hayo nimeyasikia kwa wauza mihogo, na nimeyasikia kwa watu wenye digrii zao ukutani.

Ningetaka kukutisha ningempa Fundi jicho jekundu na kucha ndefu. Hakuwa navyo. Alikuwa mwembamba, msafi kupita kiasi, na alinukia ndimu, kwa sababu alikamua ndimu mikononi kabla ya kazi na baada ya kazi. Sauti yake ilikuwa ya chini. Hakuwahi kumfokea mtoto, na katika mtaa wetu, ambako kila mtu mzima alikuwa na ruhusa ya kukuchapa, hilo lilikuwa jambo la ajabu. Akikuona umeanguka alikuinua, akakupangusa vumbi, akauliza, "Umeumia wapi, mwanangu?" Nawe ulikuwa unatetemeka, si kwa maumivu bali kwa vile vidole vilikuwa vimekushika kidevu.

Tulimkimbia wote. Akitokea kona ya juu, uwanja ulibaki na mpira peke yake. Alikuwa anauokota, anauweka vizuri pembeni usiende mtaroni, kisha anaendelea na njia yake. Leo nikilikumbuka hilo namwonea huruma. Wakati ule nilikuwa nyuma ya choo cha jirani, nimeziba mdomo kwa mikono miwili.

Vifaa vyake vilikaa ndani ya kopo la maziwa ya unga. Kulikuwa na kibano cha mwanzi, na kulikuwa na chuma kirefu chembamba kilichopinda ncha kama mundu mdogo. Kabla hujaviona ulisikia mfuniko. Ule mlio wa bati likibanduka ulinifanya nijikojolee nikiwa na miaka sita, na hata leo maziwa ya kopo hayaingii nyumbani kwangu. Nanunua ya pakiti. Mume wangu aliniuliza sababu mara moja tu.

Mtoto akishaketi, Fundi alimwambia maneno yaleyale: "Chuma hakina neno. Kina baridi tu." Na kweli ni baridi. Hicho ndicho kitu cha mwisho unachokikumbuka kabla ya mengine. Akishakata alikibandika kile kinyama kwenye mwimo wa mlango wake, upande wa ndani. Kikikauka na kudondoka, kikohozi kimekwisha. Ule mwimo ulikuwa na madoa ya kahawia kuanzia usawa wa goti hadi usawa wa bega la mtu mzima. Waliokwenda kumsalimia waliegemea mwimo wa pili.

Sasa sikiliza mambo yake mengine. Huyu Fundi hakuweza kuchinja kuku. Siku ya Idi alimwita jirani muuza nyama, akamwonyesha jogoo, kisha akaingia ndani na kufunga mlango mpaka aambiwe tayari. "Damu inanipa kizunguzungu," alikuwa akisema, na watu wazima walicheka sana. Mimi nilijiuliza damu yetu ilikuwa inampa nini.

Na alikohoa. Kila alfajiri, kabla ya adhana, mtaa uliamshwa na kikohozi cha Fundi, kikavu, kirefu, kama mtu anayesukuma mkokoteni usiokwenda. Hakuna aliyeuliza imekuwaje mkata vimeo akohoe miaka yote hiyo. Kinyozi naye huwa na nywele ndefu, watu husema, na mambo yakaishia hapo. Tena alipocheka alivua kofia akajiziba nayo mdomo. Tulidhani anaficha mapengo.

Lakini kilichomtofautisha na wakataji wengine ni sharti lake moja. Hakumkata mtoto bila mtu wa damu yake kumshika mikono. Kichwa alikishika mwenyewe kwa magoti. Mikono ilikuwa ya ndugu: mama, baba, shangazi, mradi damu moja. Wazazi wakifika, kabla hata hawajaketi, aliuliza, "Nani atashika?" Wasipokubaliana aliwarudisha nyumbani. Na akipewa shukrani, mtoto akipona, alikataa kuzipokea. "Mie nakata tu," alisema. "Anayeponya ni yule aliyeshika." Watu walimsifu kwa unyenyekevu huo. Hata imamu wetu aliwahi kuutaja.

Mdogo wangu aliitwa Sudi. Alikuwa na miaka minne, mweusi tii, mwenye kitovu kilichojitokeza ambacho tulikuwa tunakibonyeza ili acheke. Akaanza kukohoa. Baba alikuwa safarini kusini. Mama alimpa asali, akampa tangawizi, akampaka mafuta ya nazi kifuani, na wiki ya tatu bibi zetu wa mtaani wakamkalia kikao. Ana kimeo.

Tulikwenda watatu, asubuhi, jua likiwa halijakolea. Fundi akauliza swali lake. Mama akasema yeye atashika. Kisha mfuniko wa kopo ukalia, mama akamtazama Sudi, akasimama, akatoka mpaka uani akaanza kulia kwa sauti na kusema hawezi, hawezi, jamani hawezi. Fundi akamfuata. Sikusikia walichozungumza. Aliporudi alikuwa peke yake, akanitazama mimi.

"Una miaka mingapi, binti?"

"Kumi na moja."

"Wewe ni dada mtu. Utashika."

Nilishika. Sudi hakuwa analia bado, alikuwa ananitazama mimi tu, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa ninamtania kila kitu mpaka kinageuka mchezo, na alikuwa anasubiri niseme utani. Fundi akamwambia chuma hakina neno. Mwanzi ukaingia mdomoni. Hapo Sudi akajikunja, na mkono wake wa kushoto, mdogo, wenye jasho, ukanichomoka. Ulichomoka kwa kitambo kidogo sana. Niliukamata tena. Lakini katika kitambo hicho chuma kilikuwa kimekwisha pita.

Alitoka damu. Wote hutoka damu. Fundi akamsukutulisha maji ya chumvi, tukarudi nyumbani. Mchana alikuwa anameza, anameza tu, mama akafurahi kwamba anameza. Jioni akatapika kitu cheusi kama kahawa. Kesho yake akafariki kwenye kanga ya mama, kabla hatujapata gari la kumfikisha hospitali.

Hakuna aliyemlaumu Fundi. Mama alisema ni amri ya Mungu. Fundi alikuja mazikoni, alisimama nyuma kabisa, na watu walirudi wakisimulia jinsi alivyolia. Mimi alinikuta barazani nimekaa peke yangu. Akachuchumaa mbele yangu, ndimu zikanijaa puani, akaniambia polepole, "Ulimshika vizuri."

Nimeishi na maneno hayo miaka zaidi ya thelathini. Kama angenilaumu ningelia yakaisha. Aliponisifu nilijua kwamba hajui, na kwamba duniani mtu anayejua jinsi mkono ulivyochomoka ni mimi peke yangu. Sikumwambia mama. Sikumwambia mume wangu. Niliota mkono ule, ulivyokuwa na jasho, na nilipopata mtoto wangu nilishindwa kumkata kucha kwa sababu ilibidi nimshike mkono kwanza. Bibi yake ndiye aliyekuwa akimkata.

Nilipoolewa tulijenga Goba. Nilikipenda kiwanja kile kwa sababu ya vilima vyake na kwa sababu ukitoka huko mpaka Mbagala unavuka jiji zima. Miaka ikapita. Tiba zikabadilika sura: stendi kukawa na vipaza sauti vinavyotangaza unga wa mizizi wenye picha ya mapafu kwenye pakiti, jirani mmoja akatuletea chupa ya maji yaliyoombewa, kijana mwingine akafungua chumba cha kuumika watu kwa vikombe vya plastiki. Nikajidanganya kwamba mambo ya chuma yamekwisha, kwamba Fundi ni wa zamani zile. Kisha binti yangu Nuru, akiwa na miaka mitano, akaanza kukohoa.

Mama mkwe wangu ni mwanamke mwema, na wema wake hauna breki. Siku ya kumi alinijia jikoni.

"Mama Nuru, huyu mtoto ana kimeo."

"Mama, nilimpeleka zahanati, wamempa dawa."

"Dawa gani! Anakohoa mpaka anabadilika rangi. Nimeulizia. Kuna fundi Mbagala, wa siku nyingi, mkono wake mwepesi. Wewe si wa huko? Humjuagi?"

Nilisema namjua. Ningeweza kusema na mengine. Mwalimu mzima, ninayewafundisha watoto wa watu kunawa mikono, nilisimama na mwiko mkononi nikashindwa kulitamka jina la mdogo wangu, kwa sababu nikisema Sudi alikufaje lazima niseme nani alishika. Mume wangu alikuwa kazini mkoani, akaniambia kwa simu, "Msikilize mama, yeye amelea watoto saba." Basi nikakaa kimya, na kimya changu kikampeleka binti yangu Mbagala. Njia nzima Nuru alilala mapajani mwangu akikoroma kifuani, na mimi nilikuwa nasoma dua zote ninazozijua, nikizichanganya.

Mwimo ulikuwa uleule. Fundi alikuwa amezeeka, kofia imemzidi kichwa. Nikamsalimu shikamoo, akaitikia marahaba bila kunitambua, au ndivyo nilivyodhani. Kigoda kikavutwa. Kopo likaletwa. Mfuniko ukalia, na nikahisi maji yananitoka puani ingawa sikuwa nimekunywa chochote.

"Nani atashika?"

"Mama yake huyu hapa," akasema mama mkwe.

Fundi akanitazama. Akatazama mikono yangu, ambayo ilikuwa inatetemeka hadi bangili zinagongana. Kisha akaweka sikio lake kwenye mgongo wa Nuru, akasikiliza. Halafu akarudisha mfuniko kwenye kopo.

"Huyu hana kimeo," alisema. "Kinachopiga filimbi kiko kifuani. Mpelekeni hospitali kubwa, sasa hivi, msipitie nyumbani."

"Fundi, hujamtazama hata kooni!" Mama mkwe alikasirika. "Sie tumetoka Goba!"

"Hata mngetoka Lindi. Simkati."

Ilikuwa pumu. Daktari alisema tungechelewa kidogo tungekuwa tunazungumza mengine. Wakamfunika Nuru pua na mdomo kwa kifaa cha mvuke, na mimi nikakaa sakafuni kando ya kitanda chake nikilia hadi muuguzi akaniomba nitoke nje. Mama mkwe alinuna mwezi mzima. Baadaye akaanza kuwaambia watu kwamba yule fundi wa Mbagala ana kipaji, anasikia ugonjwa kwa sikio tu, na akampelekea wateja wawili. Mtu huwezi kushindana na hilo.

Mwaka huu, mwezi wa pili wa shule, mama yangu alinipigia simu. "Fundi anaumwa. Hana mtu. Anakutaka wewe."

"Mimi? Wa nini?"

"Kasema mwalimu. Mwalimu wa hapa ni nani mwingine?"

Nilikwenda Jumamosi mchana. Ningependa kusema nilikwenda kwa shukrani. Nilikwenda kwa sababu niliogopa afe na kitu anachokijua. Nilimkuta kitandani, amebaki mifupa, kando yake bakuli lenye jivu na makohozi yenye nyuzi za damu. Kopo lilikuwa miguuni pake. Chumba bado kilinukia ndimu.

"Mwalimu," alisema, "simu yako ina tochi?"

"Inayo."

"Nimulikie. Nadhani kimerefuka. Unitazamie."

Akaondoa kofia aliyokuwa amejizibia mdomo, akaachama. Katika miaka yote ile sikuwahi kuuona ndani mdomo wa Fundi. Meno yalikuwepo karibu yote. Na nyuma ya ulimi, chekundu, kizima, kikitikisika kila alipovuta pumzi, kilikuwepo kimeo.

Nilizima tochi. Nikakaa kwenye kile kigoda bila kukumbuka ni kigoda gani.

"Hukukatwa," nilisema.

"Sikukatwa."

"Umekohoa maisha yako yote."

"Nilikuwa naogopaga, mwanangu. Aliyenifundisha kazi alinifundishia kwa watoto wa watu. Siku aliyotaka kunikata mie nilikimbia."

"Ukatukata sie."

"Mliletwa. Na wengi walipona."

"Wangepona hata bila wewe!"

Alifumba macho. "Huenda," akasema. "Nimelifikiria hilo. Huenda."

Hapo nikasema. Sikupanga, lilitoka lenyewe, kama maji yanavyonitoka puani. Nilimwambia kwamba siku ile mkono wa Sudi ulinichomoka. Kwamba mimi ndiye niliyemuua, si yeye, na kwamba nilimdanganya kwa kunyamaza aliponisifu. Nilikuwa nasema huku nimeshika ukingo wa kitanda, mwanamke wa miaka arobaini na kitu, na nilikuwa naogopa jibu lake kuliko nilivyowahi kuliogopa lile kopo.

Fundi alikohoa kwanza. Kikohozi kilipokwisha, akasema bila kunitazama, "Wote huchomoka."

"Nini?"

"Mikono. Hakuna mtoto ambaye mkono wake hauchomoki. Mie sikukata kwa kutegemea mikono. Siku ile chuma kilizama, ni mkono wangu huu. Nilijua palepale."

"Sasa kushika kulikuwa kwa nini?"

Alilisukuma lile kopo kwa mguu.

"Aliyeshika hashtaki," alisema. "Ndivyo nilivyofundishwa. Mtoto akipata neno, mama atasema nini, naye alishika? Atakwenda polisi kusema nini? Atanyamaza. Mama yako alipokataa niliogopa. Nikatafuta mwingine wa damu."

"Nilikuwa na miaka kumi na moja."

"Nakumbuka."

Nilitaka kumpiga. Naliandika hili kwa sababu ni kweli: nilimtazama mzee anayekufa, aliyemwokoa binti yangu kwa sikio lake, nikatamani kumpiga kofi la uso. Siku ya Nuru alikuwa amenitambua. Aliiona mikono yangu akafunga kopo. Sikujua kama nimshukuru kwa hilo au nimwulize ni mikono mingine ya nani aliyopaswa kuiona mapema. Nililia kidogo. Kisha, kwa kuwa nimekuwa mwalimu muda mrefu na siwezi kukaa na mtoto anayekohoa damu, nikamwambia, "Hakijarefuka. Una ugonjwa wa kifua. Inuka, tunakwenda hospitali."

"Watanitia chuma?"

"Inuka."

Bajaji ilitufikisha. Daktari alikuwa binti mdogo mwenye hijabu ya kijivu, amechoka, mwenye haraka, lakini alimwamkia mzee shikamoo kwa adabu. Alisikiliza kifua, akaandika, akasema anahitaji kutazama koo kabla ya kuchukua makohozi. Akachomoa kijiti cha mbao kwenye pakiti yake. Fundi alipokiona aliganda. Macho yake yalikuwa yaleyale ya Sudi, yakisubiri mtu aseme utani. Akaninyooshea mikono yote miwili, viganja juu.

"Mwalimu," alisema, "shika."

Niliitazama mikono ile. Nilijua sasa maana ya kushika ni nini, na yeye alijua kwamba najua.

"Ni mbao," nilimwambia. "Siyo chuma."

"Shika, mwanangu. Naogopa."

"Nitashika mmoja," nikasema. "Huo mwingine kaa nao. Ukiona hutaki, msukume daktari, hakuna atakayekukamata."

Daktari alitutazama asielewe. Nikauchukua mkono wake wa kulia. Ulikuwa mwepesi, una jasho, unanukia ndimu. Wa kushoto ulibaki hewani kitambo, kisha ukashuka ukatua gotini kwake. Na Fundi akafumbua mdomo mwenyewe.